Sura ya Saba: Nani Anautangaza Mwaka?

Mtunzi chipukizi anayejenga dunia yake ya kubuni huwa na karatasi moja anayoipenda kuliko zote, nayo ni ya kalenda. Ameandika kwamba mwaka una siku 400, miezi kumi na wiki za siku nane, na kila mwezi ameupa jina lenye mlio wa kale. Hesabu imekaa sawa. Kisha riwaya inaanza, na ile kalenda haionekani tena ila kwenye vichwa vya sura. Hakuna mhusika anayegombana na jirani kwa sababu yake, wala anayelala njaa akiisubiri.

Sura hii ina neno moja la kusema: kalenda haianzi na hesabu. Inaanza na watu wanaosubiri kitu pamoja, na mtu mwenye mamlaka ya kutamka kwamba wakati umefika. Hesabu huja nyuma yao. Ili tulione hilo waziwazi, twende Burundi: kwanza kwenye vilima vya Gitega, katikati ya nchi, kisha Muyinga, kaskazini-mashariki, karibu na mpaka wa Tanzania. Huko, hadi karne moja hivi iliyopita, mwaka ulikuwa na mtu wa kuufungua, na tunajua ulivyofunguliwa na ulivyonyamazishwa. Sijasoma riwaya yoyote ya dunia za kubuni ambayo kalenda yake imefungamana na maisha ya watu kiasi hicho.

Mtama, mwami na ngoma

Mfikirie mkulima wa kilima kimoja karibu na Gitega katika enzi ya Mwami Mwezi Gisabo, aliyetawala tangu miaka ya 1850 mpaka alipofariki mwaka 1908. Ni Desemba, mwezi ambao Warundi wanauita Kigarama. Mvua zilizoanza Septemba zimelowesha udongo. Ghalani ipo mbegu ya mtama aliyoitunza tangu mavuno ya katikati ya mwaka. Jembe lipo, nguvu zipo, mvua ipo. Lakini mtama hapandi. Anasubiri.

Anachokisubiri ni Umuganuro, sherehe kubwa kuliko zote katika ufalme wa Burundi. Kila Desemba mwami alikula ugali wa mtama na kunywa pombe ya mtama kwa taratibu zilizolindwa na wajuzi wa siri za ufalme. Karyenda, ngoma takatifu iliyokuwa alama ya ufalme wenyewe, ilitolewa nje. Siku nyingine ilikaa ndani, chini ya ulinzi wa mwanamke mwenye cheo cha Mukakaryenda. Wakuu walikuja kutoka pande mbalimbali za nchi kuonyesha utii wao. Mwami akishakula, mbegu imeruhusiwa kuingia ardhini. Mwaka umefunguliwa.

Hebu tulitazame tukio hili kwa jicho la mtunzi. Kwanza, kuna kitu ambacho watu wote wanakihitaji: mtama ni chakula, ni pombe ya harusi na ya kupatana, ni akiba. Pili, kuna mwiko: kupanda kabla ya ruhusa ni kujitanguliza mbele ya mwami. Tatu, kuna mwenye kauli, na kauli yake ina gharama. Mwami akichelewa, mvua zinaweza kupita. Akiwahi, na mbegu zikaoza, watu watajiuliza kama bado ana baraka. Ndani ya mambo hayo matatu kuna hadithi nyingi kuliko katika orodha ndefu ya majina ya miezi, na hatujahesabu hata siku moja.

Kilomita saba hivi kutoka mjini Gitega kuna Gishora, kilima ambacho Mwezi Gisabo alikifanya makao ya ngoma. Hadi leo zinatunzwa pale ngoma mbili za enzi hizo, Ruciteme na Murimirwa. Mzinga wa ngoma ya Burundi huchongwa kutoka gogo la mti ambao Warundi wanauita umuvugangoma, nasi tunauita mringaringa. Ngozi ya ng'ombe huwambwa juu yake na kukazwa kwa vigingi vifupi vya mti vinavyozunguka shingo ya mzinga. Wapigaji huingia uwanjani ngoma zikiwa vichwani, wanazitua kwa mpango wa nusu duara, na mmoja mmoja hutoka katikati kucheza na kuongoza mapigo. Mwaka 2014 UNESCO iliiingiza ngoma hii ya kifalme katika orodha ya urithi wa dunia usioshikika. Oktoba 2017 rais wa Burundi alitia saini amri ya kudhibiti upigaji wake, na amri hiyo iliwazuia wanawake kuzipiga. Ufalme umekwisha, lakini swali la nani anaruhusiwa kupiga ngoma bado ni swali la dola. Katika nchi ambako ngoma ilikuwa sauti ya mwaka, hilo halishangazi.

Siku kumi na moja zinazopungua

Sasa hesabu inaweza kuingia. Mwezi wa angani huchukua takriban siku 29 na nusu toka kuandama hadi kuandama tena. Ukiihesabu miezi kumi na miwili unapata siku 354. Jua nalo linarudi mahali pake baada ya siku 365 na robo. Tofauti ni siku kumi na moja. Kila taifa lililowahi kuhesabu kwa mwezi limekutana na siku hizo kumi na moja, na namna lilivyozishughulikia inaeleza mengi kuhusu taifa lenyewe.

Njia ya kwanza ni kuziacha ziende. Ndivyo ilivyo kalenda ya Kiislamu: Ramadhani inarudi nyuma siku kumi au kumi na moja kila mwaka, na baada ya miaka 33 hivi imeyazunguka majira yote. Mwaka 2000 ulikuwa na Idi ya Fitri mbili, moja Januari na nyingine Desemba. Mwaka 2030 Ramadhani itaingia Januari, na kabla Desemba haijaisha itaingia tena. Mkulima Mwislamu wa Muyinga anajua kwamba kuna miaka atakayofunga huku analima, na miaka atakayofunga wakati wa kiangazi, jembe likiwa limepumzika. Katika kalenda hii ibada haikai chini ya msimu wowote, na zamu ya ugumu inamfikia kila mtu.

Njia ya pili ni kuuacha mwezi kabisa na kufuata jua, kisha kuzitenga siku zinazobaki. Mabaharia na wakulima wa pwani yetu walihesabu hivyo: miongo 36 ya siku kumi kumi, jumla siku 360, kisha siku tano za gatha ndipo mwaka uanze upya. Mwaka Kogwa unaosherehekewa Makunduchi, Unguja, kila Julai, ni mtoto wa hesabu hiyo. J. R. R. Tolkien, katika nyongeza za kitabu cha mwisho cha The Lord of the Rings kilichotoka mwaka 1955, aliwapa Hobiti kalenda ya miezi 12 yenye siku 30 kila mmoja, akaweka siku mbili za sikukuu mwisho na mwanzo wa mwaka, na tatu katikati. Jumla ni 365 tena. Siku zile za nje ya miezi ni za kula, kunywa na kupumzika, na ndiyo maana wasomaji wanazikumbuka kuliko miezi yenyewe. Mtunzi mkubwa alijua kwamba siku isiyokuwa na mahali katika hesabu ndiyo yenye uhai.

Njia ya tatu ndiyo ya mtama. Warundi wanayo miezi kumi na miwili: Nzero, Ruhuhuma, Ntwarante, Ndamukiza, Rusama, Ruheshi, Mukakaro, Myandagaro, Nyakanga, Gitugutu, Munyonyo na Kigarama. Leo majina haya yanatumika kwa Januari hadi Desemba bila taabu yoyote. Lakini sherehe iliyofungwa kwenye zao haiwezi kuyakimbia majira hata kama mwezi wa angani unakimbia. Mtama uliopandwa Desemba au Januari unavunwa mnamo Juni na Julai. Mvua isipokuwepo hauoti, na kiangazi kisipofika haukauki. Shamba lenyewe linaisahihisha kalenda. Mtunzi asiyependa hesabu apate faraja hapa: ukikiweka kiumbe hai katikati ya mwaka wako, mmea, samaki au ndege anayehama, kitakulindia mwaka bila kutumia sehemu za desimali.

Wafalme wanne wanaorudi

Kalenda ina swali jingine kubwa: miaka inaitwaje? Watunzi wengi hukimbilia namba, mwaka wa 1203 wa Enzi ya Tatu. Burundi ilikuwa na utaratibu mwingine. Wafalme walichukua majina manne kwa zamu: Ntare, Mwezi, Mutaga, Mwambutsa, kisha Ntare tena. Kila jina lilikuja na matarajio yake. Ntare ni jina la mwasisi na la kupanua nchi. Aliyetawazwa kwa jina hilo alijua anatazamiwa kufanya nini. Mzee aliyetaka kueleza tukio la zamani alisema lilitokea wakati wa mwami fulani, na msikilizaji alielewa kwamba enzi ile ni sehemu ya gurudumu linalozunguka.

Tazama mzunguko wa mwisho. Mwezi Gisabo alifariki 1908. Akafuata Mutaga Mbikije, aliyefariki 1915. Akafuata Mwambutsa Bangiricenge, mtoto aliyezaliwa 1912, ambaye alikaa kwenye kiti kwa nusu karne na kuuona uhuru wa tarehe 1 Julai 1962. Mwaka 1966 mwanawe alimwondoa, akatawazwa kwa jina lililokuwa zamu yake, Ntare. Gurudumu lilikuwa limerudi mwanzo. Tarehe 28 Novemba mwaka huohuo Kapteni Michel Micombero akatangaza jamhuri, na mzunguko ukakatika ukiwa ndio kwanza umeanza upya.

Mpe msomaji wako dunia ambamo majina ya enzi yanarudi, na utakuwa umempa hofu na tumaini bila kueleza sana. Mhusika akisikia kwamba mfalme ajaye atachukua jina la vita, ataanza kuficha nafaka kabla upanga haujachomolewa. Namba haiwezi kufanya kazi hiyo.

Muyinga: mji mmoja, hesabu nyingi

Kosa jingine la dunia za kubuni ni kudhani kwamba nchi moja ina kalenda moja. Muyinga inatufundisha vingine. Ni mji wa biashara, wenye Waislamu na Wakristo, ambako Kirundi na Kiswahili vinapishana sokoni siku nzima, na barabara yake inashuka hadi Kobero, kituo cha mpaka. Ng'ambo ni Kabanga, wilaya ya Ngara.

Anza na wiki. Mrundi anahesabu siku kuanzia Jumatatu: kuwa mbere, kuwa kabiri, kuwa gatatu. Mswahili anahesabu kuanzia Jumamosi, siku inayofuata Ijumaa ya swala. Basi siku ya tatu ya mmoja ni Jumatano, na siku ya tatu ya mwingine ni Jumatatu. Mnunuzi wa maharage kutoka Ngara akiahidi kuleta fedha Jumatatu, na muuzaji wa kilimani akaishika ile tatu peke yake, kuna siku mbili za kusubiriana kati yao. Wenyeji wa soko wamezoea. Huhakikisha kwa kutaja siku kwa lugha zote mbili. Mgeni ndiye anayenaswa.

Nenda kwenye saa. Pande zote mbili za mpaka watu huhesabu saa kuanzia macheo, kwa hiyo saa tatu asubuhi inaeleweka kote. Lakini Burundi na Tanzania hazitumii saa moja. Muyinga ipo karibu kabisa na mstari wa nyuzi 30 mashariki, ambao ndio unaobeba saa ya Burundi, na kwa hiyo jua hufika juu yake karibu na saa sita kamili ya mchana. Jua hilohilo likiwa juu ya Kabanga, saa za Tanzania zinasoma saa saba, kwa sababu nchi nzima inafuata saa moja ya Afrika Mashariki. Dereva wa lori anayevuka Kobero kwenda mashariki anapoteza saa nzima, na akirudi anaipata tena. Kivuli chake hakijabadilika hata kidogo.

Juu ya hayo kuna majira. Wakulima wa Burundi wanaugawa mwaka kwa kazi: agatasi, msimu unaoanza na mvua za Septemba, impeshi, unaoanza mnamo Februari, na ici, kiangazi cha kuanzia Juni, ambapo kilimo huhamia mabondeni kwenye unyevu. Kuna kalenda ya shule, ya kanisa, ya msikiti, na kuna ile ya serikali inayozitambua sikukuu za Kikristo na za Kiislamu. Familia moja yaweza kuishi ndani ya zote hizo bila kuona ajabu, kwa kuwa kila hesabu ina kazi yake: moja ya kupanda, moja ya kufunga, moja ya kulipa ada.

Hapo ndipo dunia ya kubuni inapopata uzito wa dunia. Usimpe mhusika wako kalenda moja iliyo safi. Mpe mbili zinazokorofishana, na uamue ni ipi anayoitumia akiwa na deni, na ipi akiwa anaomba.

Namna kalenda inavyokufa

Umuganuro wa mwisho ulifanyika mwaka 1929. Mwambutsa alikuwa kijana wa miaka 17 hivi, nchi ilikuwa mikononi mwa Wabelgiji, na wamisionari wa Kikatoliki walikuwepo tangu mwisho wa karne ya 19. Misheni ya Mugera, si mbali na Gitega, ilianzishwa 1899. Kwa wamisionari, sherehe ile ilikuwa upagani. Kwa watawala, lilikuwa jambo zito zaidi: lilikuwa tukio ambalo nchi nzima ilimsikiliza mtu asiyekuwa gavana. Baada yake mtama uliendelea kupandwa, ila hakuna aliyeufungulia mwaka. Miaka ya 1930 Wabelgiji wakawalazimisha wakulima kupanda kahawa, na mavuno ya kahawa, pamoja na kodi, yakaleta mwaka mwingine juu ya vilima vilevile: mwaka unaoisha fedha zinapohesabiwa.

Linganisha na kalenda zilizotungwa mezani. Mwaka 1793 wanamapinduzi wa Ufaransa walitangaza kalenda mpya: miezi 12 ya siku 30, kila mwezi na vipindi vitatu vya siku kumi, na siku tano au sita za mwisho. Kimahesabu ilikuwa nadhifu. Lakini ilimpa mfanyakazi pumziko moja kila siku kumi badala ya kila siku saba, na kuanzia tarehe 1 Januari 1806 Napoleon akairudisha ile ya zamani. Umoja wa Kisovyeti nao, mwaka uleule wa 1929, ulianzisha wiki ya siku tano ambamo wafanyakazi walipumzika kwa zamu, mume siku yake na mke siku yake. Kufika 1940 wiki ya siku saba ilikuwa imerudi.

Tofauti ni ya kujifunza. Kalenda ya Paris na ya Moscow zilishindwa kwa sababu ziliamriwa bila kuwapa watu kitu walichokuwa wakikisubiri. Umuganuro haukushindwa. Uliondolewa kwa nguvu, kwa sababu ulifanya kazi vizuri mno.

Kazi yako

Tujaribu kujenga moja sasa. Tuseme unabuni nchi ya Lumbe, kando ya ziwa la chumvi. Mwezi wake angani huchukua siku 26, na mwaka wa jua siku 372. Miezi kumi na minne inatoa siku 364, zinabaki nane. Usizitafutie majina bado. Uliza kwanza: watu wanasubiri nini? Wanasubiri maji yapungue ili wakate chumvi. Nani anatamka? Mwanamke mzee wa ufuko wa mashariki, anayeyaonja maji. Kabla hajasema, atakayegusa chumvi anapoteza fungu lake.

Sasa zile siku nane zinafanya kazi. Katika miaka mitatu zinafika 24, karibu mwezi mzima, na miezi imeshaanza kutangulia majira. Kila baada ya miaka mitatu hivi, basi, muonjaji hutangaza mwezi usiohesabiwa. Katika mwezi huo madeni hayaivi. Wadaiwa wanauombea uje, wakopeshaji wanampelekea muonjaji zawadi asiutangaze. Mwaka mmoja maji yanachelewa, mikopo imerundikana, na muonjaji amepoteza ladha ulimini, siri anayoijua mjukuu wake tu. Tayari una riwaya, na imetoka moja kwa moja kwenye kalenda.

Kabla hujaenda sura inayofuata, chukua dunia yako na uandike majibu ya maswali haya kwa sentensi kamili. Watu wake wanasubiri nini kila mwaka, na wakikikosa wanapata hasara gani? Nani anatangaza kwamba kimefika, na anatangaza kwa chombo gani? Anayetangulia kabla ya tangazo anafanywa nini? Siku zinazobaki nje ya hesabu ni za nani? Ni kundi gani ndani ya nchi hiyohiyo linalohesabu kwa njia nyingine, na hesabu hizo mbili zinagongana sokoni siku ipi? Mwisho, nani angependa kalenda hiyo ife, na angepata nini ikifa?

Ukiyajibu yote, idadi ya siku na miezi utaipanga jioni moja, na itakaa. Usipoyajibu, hata mwaka uliopimwa kwa sekunde utabaki pambo. Warundi walijenga mwaka wao kwa mbegu, mwiko na mwenye kauli, na ukawaongoza vizazi kwa vizazi. Mtunzi anayeheshimu kazi yake aanzie hapohapo.